Kichwani mwa mtoto hakuna ukungu

Kwa mujibu wa mtoto mmoja wa miaka sita ninayemfahamu, umeme wa Tanga ni mmoja tu, na hutembea. Ukikatika kwetu Ngamiani maana yake umekwenda kwa wengine ambao hawakuwa nao, Makorora au Chumbageni, na huko nako ni lazima usalimie kwanza kabla ya kuwaka. Waya ndiyo njia yake. Kunguru wanaokaa juu ya waya wanatakiwa kupisha. Nyumba yenye mbwa hauiingii upesi. Nilipomuuliza nani kamwambia hayo, alishangazwa na swali lenyewe. "Hakuna aliyeniambia, Mwalimu. Ndivyo alivyo."

Nafundisha darasa la awali, kwa hiyo mambo ya namna hii huyasikia kila wiki, na mengi hupita na kengele ya kwenda nyumbani. Hili halikupita. Nina marafiki watatu ambao riziki yao ni video za harusi na mahafali: mmoja hushika kamera, mmoja hushughulika na sauti, wa tatu huhariri. Kila tulipokutana kwenye chai tulikuwa tukisema siku moja tutengeneze filamu yetu wenyewe, fupi, isiyo na fumanizi wala mganga. Nikawasimulia habari za umeme unaotembea, nikawaambia filamu ndiyo hii. Msichana anabaki gizani na bibi yake, anaamua kwenda kuutafuta umeme, anaupata, anarudi nao. Dakika zisizofika kumi, maneno machache.

Walikubali wote. Tukagombana siku ileile.

Ugomvi ulikuwa juu ya moshi. Mpiga picha wetu ana ile mashine ya moshi inayowashwa ukumbini bibi harusi anapoingia, na kwake ndoto ni moshi. Aliandika orodha: moshi sakafuni, mwendo wa polepole, taa ya bluu, kingo za picha zififie, na sauti ya mtoto ijirudierudie kama yumo kisimani. Simlaumu. Hivyo ndivyo ndoto zinavyoonyeshwa kwenye filamu nyingi tulizokua nazo, na mtazamaji akiona ukungu tu anajua kwamba hapa mtu amelala. Lakini mimi nashinda na watoto, na nilikuwa na shaka kwamba ule ukungu ni wetu sisi watu wazima. Sisi ndio tunaokumbuka utoto kwa mbali, na mbali ndiko kwenye ukungu. Mtoto mwenyewe yuko palepale, anaona sawasawa.

Nikaenda kuwauliza wenye utoto. Nilianza na yule wa umeme: jana uliota nini? "Kulikuwa na mbuzi." Halafu? "Mbuzi tu." Alikuwa anafanya nini? "Amesimama." Mwingine aliota kuku, mwingine gari lililoegeshwa. Hakuna aliyeruka angani. Mpiga picha alipoona daftari langu alisema watoto wangu hawana ubunifu, na nusura nikubaliane naye, mpaka nilipokutana na kazi za David Foulkes, mwanasaikolojia wa Marekani aliyekuwa akiwaamsha watoto usiku kwenye maabara ya usingizi na kuwauliza walikuwa wanaota nini. Matokeo yake, aliyoyatoa kitabuni mwaka 1982, yalikuwa karibu na daftari langu kuliko na filamu yoyote niliyowahi kuona. Watoto wa miaka mitatu hadi mitano mara nyingi hawakuwa na cha kusimulia. Walipokuwa nacho, kilikuwa picha iliyotulia, mnyama zaidi, na mwotaji mwenyewe hafanyi lolote. Hadithi ndefu zenye mbio na vituko huja baadaye, mtoto anapokaribia miaka saba, minane. Wapo waliompinga, wakasema watoto wale waliota zaidi ya walivyoweza kueleza. Inawezekana. Hata hivyo mbuzi aliyesimama aliingia kwenye filamu, katikati ya barabara, hana kazi, na ni tukio ambalo watoto hulitazama kwa utulivu kuliko yote.

Swali jingine nililowauliza darasani lilitokana na mwanasaikolojia Jean Piaget wa Uswisi. Katika kitabu chake cha mwaka 1926 anaeleza kwamba watoto wadogo hawaiweki ndoto kichwani. Kwao ndoto hutoka nje, ikaja ikakaa chumbani, mbele ya macho yao, na lau mama angeamka naye angeiona. Nikawauliza wangu: ndoto hukaa wapi? Chini ya kitanda, alisema mmoja. Kwa bibi, alisema mwingine, maana huota akilala huko tu. Na mtoto wetu wa umeme, ambaye ana jibu la kila kitu: "Kwenye chandarua, upande wa ndani." Jibu hilo lilitupa picha ya kwanza ya filamu bila kuhangaika. Kamera iko ndani ya chandarua, kitambaa kimejaa mwanga wa taa ya nje, kivuli kinapita, taa inazima.

Mpiga picha hakukata tamaa. Alikuja jioni moja na simu yake, akaniwekea filamu ya Kirusi ya Yuri Norstein ya mwaka 1975, ile ya kalunguyeye aliyeingia kwenye ukungu. Ina dakika kama kumi. "Haya, Mwalimu," akasema, "hii watu wanaiheshimu dunia nzima, na ni ukungu mtupu." Tuliitazama mara mbili, na kila mmoja wetu alitoka nayo akidhani ameshinda.

Kisa chake ni hiki. Kalunguyeye kila jioni huenda kwa rafiki yake mtoto wa dubu, wanywe chai na kuhesabu nyota. Njiani anamwona farasi mweupe amesimama ndani ya ukungu, na anajiuliza: farasi akilala humo, atakabwa na ukungu? Anateremka mwenyewe kwenda kuona. Ndilo nililomwonyesha mwenzangu. Ukungu ule si alama ya ndoto. Ni kitu, kipo bondeni, kina hatari zake, na kalunguyeye ana swali la maana juu yake, swali la kihandisi kabisa, ambalo mtoto yeyote wa awali angeliuliza. Kinachokufanya uhisi umo ndani ya kichwa cha mdogo ni lile swali. Hata namna ukungu ulivyotengenezwa ni ya kushikika: vikaragosi vya kukatwa vimelazwa juu ya vioo, na juu yake karatasi nyembamba sana inainuliwa taratibu kuelekea kamera, picha baada ya picha, mpaka vilivyo chini vinafifia na kuwa vyeupe. Mpiga picha, ambaye ni fundi kwelikweli, alinyamaza kwa lile la karatasi. Kesho yake moshi ulitoka kwenye orodha, na mahali pake akaandika "kioo".

Tukajiwekea sharti moja: hakuna kinachofanyika kwenye ulimwengu wa mtoto ambacho hakina kanuni, na kanuni anazitoa yeye. Sharti hilo lilituokolea fedha nyingi. Kila mmoja wetu alipobuni kitu kizuri, tulimpelekea. Umeme upae? Hapana, anafuata waya. Uimbe? Hapana, ana haraka. Uogope mvua? Hapo alifikiri. Haogopi, alisema, lakini akilowa hukaa ndani, na ndiyo maana mvua ikinyesha hatumwoni.

Nilimpa karatasi na kalamu za rangi anichoree umeme. Kwa mwalimu wa awali michoro ndiyo shajara za watoto, na mara nyingi ni ya wazi kuliko maneno yao. Mfaransa Georges-Henri Luquet aliandika mwaka 1927 kwamba mtoto huchora anachokijua zaidi ya anachokiona: samaki wanaonekana ndani ya maji yasiyoonyesha, watu wanaonekana kupitia ukuta, uso wa ubavuni una macho mawili kwa kuwa kila mtu anajua macho ni mawili. Nyumba ya mtoto wetu haikuwa na ukuta wa mbele. Bibi alikuwa ndani na sufuria yake, chumvi ikiwa ndani ya kopo, na kopo linaonyesha chumvi. Umeme ulikuwa mtu wa njano asiye na shingo, ana mfuko wa rambo mkononi na amevaa ndala.

"Ndala za nini?"

"Asipigwe shoti."

Nilicheka mpaka akakasirika, ikabidi nimwombe radhi. Lakini fikiria. Nyumbani kwao, kama kwenu na kwetu, mtoto akitaka kufungua friji anaambiwa avae ndala kwanza. Umeme unashinda ndani ya friji, ndani ya pasi, ndani ya waya zote. Nani anahitaji ndala zaidi yake? Hiyo si njozi ya kupaa mawinguni. Ni mtu aliyepewa taarifa chache na akazifikisha mwisho wake kwa haki. Toka hapo nilipoandika mandhari yoyote nilijiuliza swali moja tu: taarifa alizopewa ni zipi, na zikifikishwa mwisho zinakwenda wapi?

Sasa kumtengeneza huyo mtu wa njano. Mhariri alisema kompyuta yake inaweza. Nikaona sampuli, ikawa kitu cha kung'aa kama tangazo la benki. Tukachagua karatasi. Mjerumani Lotte Reiniger alitengeneza filamu ndefu nzima kwa njia hiyo mwaka 1926, kwa mkasi na karatasi ngumu, vikaragosi vyenye viungo vikilazwa juu ya kioo chenye mwanga kwa chini, na vivuli vyake mpaka leo vinakwenda na kupumua. Sisi tulichukua mlango wa kioo wa kabati bovu, tukaulaza juu ya stuli mbili, chini taa, juu karatasi nyeupe ya kulainisha mwanga. Mtu wa njano tulimkata kwenye manila na karatasi ya jelatini inayofungia zawadi, ili mwanga upite mwilini. Viungo ni uzi wa kushonea uliopigwa fundo pande zote mbili. Ndala zilikatwa na mtoto mwenyewe, na hazilingani. Tuliziacha.

Kazi yenyewe ni ya subira ya mvuvi wa mshipi. Unasogeza mguu kidogo, unapiga picha, unasogeza tena. Tulikwenda kwa picha 12 kwa sekunde, yaani 720 kwa dakika moja, na katika kila moja unaweza kugusa kiwiko ukaharibu. Simu ilifungwa juu ya kioo kwa mbao na mpira, na jambo ambalo kila anayeanza lazima alijue ni kufunga mwanga na rangi kwenye kamera. Ukiiachia ijiamulie, kila picha inatoka na weupe wake na filamu inapepesa. Taa nazo zina vituko vyao. Umeme wa nchini kwetu una mizunguko 50 kwa sekunde, kwa hiyo baadhi ya taa hupepesa mara 100. Jicho halioni, kamera inaona mistari. Dawa ni kuiweka kamera ifunguke kwa 1/50 ya sekunde kila picha. Nilimweleza mtoto kwamba umeme hutetemeka hivyo. Hakushangaa. "Anakimbia," alisema.

Feni ilibidi izimwe. Upepo kidogo tu na mtu wa njano anahamia chini ya kabati, viungo vimejikunja. Anayeijua Tanga ya Februari anaelewa nimesema nini. Tulifanya kazi usiku, milango imefungwa, jasho likidondoka juu ya kioo na kufutwa kabla ya kila picha. Umeme halisi nao ulikatika ulivyotaka, na baada ya kupoteza tukio moja zuri tuliacha kuutegemea, tukanunua taa za kuchaji kwa sola. Kwa hiyo filamu ya umeme imetengenezwa bila umeme. Kila aliyeisikia hiyo huiona ni kichekesho kikubwa. Kwetu ilikuwa gharama.

Upande wa watu wenyewe, yaani mtoto wetu wa umeme aliyeigiza yule msichana, na bibi yake, vibali nitavitaja kwa kifupi kwa sababu ni karatasi: mwenyekiti wa serikali ya mtaa, kibali cha Bodi ya Filamu kinachotakiwa na sheria ya mwaka 1976, na maandishi ya wazazi. Kwa mtoto tuliongeza masharti yetu: baada ya shule na baada ya kula, mama au bibi yupo chumbani muda wote, akichoka tunafunga. Matukio ya usiku tulipiga mchana, madirisha yamezibwa kwa mablanketi. Akitaka kwenda kucheza rede, anakwenda, na sisi tunapiga picha za sufuria.

Kimo cha kamera tulikifikiria sana. Mtoto wa umri ule macho yake yako mita moja na kidogo kutoka chini, basi kamera tuliiweka juu ya ndoo iliyopinduliwa, na Tanga ikawa mji mwingine: magurudumu ya baiskeli, pindo za kanga, chini ya meza ya muuza mihogo, vifundo vya miguu vyenye vumbi. Mpiga picha alifurahi sana. Alikumbuka filamu ya E.T. ya mwaka 1982, ambamo kwa sehemu kubwa ya mwanzo watu wazima, isipokuwa mama, wanaonekana kiunoni kwenda chini tu, akataka na sisi tufanye hivyo kwa wote, bibi akiwemo. Tulimwonyesha mtoto picha za kwanza. Akatazama kiuno cha bibi yake, akauliza: "Uso wake uko wapi?" Tukamweleza kwamba yeye ni mfupi. Akasema, kwa lugha ya kutuhurumia, kwamba yeye humwangalia bibi usoni kila siku, huinua kichwa.

Huinua kichwa. Ndicho tulichofanya. Wapita njia walibaki miguu na pindo, maana hakuna anayewatazama. Bibi akija, kamera iliyo juu ya ndoo inainuka mpaka inapata uso, na nyuma ya uso kuna mabati na anga. Nadhani ndiyo picha inayotueleza vizuri kuliko zote, na haikuwamo kwenye karatasi yoyote. Ulimwengu wa mtoto haujakatwa kwa rula kwenye kimo chake. Umepangwa kwa wale anaowajali.

Kumwongoza aigize ni neno kubwa kuliko tulichofanya. Ukimwambia mtoto "ogopa", anaigiza kuogopa, na mtazamaji anajua. Sisi tulimpa kazi. Hesabu vioo vya dirisha bila kugusa. Tumeficha ndala ya njano humu chumbani, itafute. Uso wa mtu anayetafuta ndala gizani hauhitaji maelekezo, na kwenye filamu ni uso wa mtu anayeutafuta umeme. Kulia hatukumliza hata mara moja, ingawa mhariri aliona lingekuwepo chozi moja ingependeza. Nimewahi kuona jinsi mtoto anavyopatikana kulia mbele ya kamera, na sitaki kuwa na picha ya namna hiyo.

Bibi yake ndiye aliyetufundisha kuigiza. Kuna tukio ambapo umeme, baada ya kupatikana, unakaa kwenye mkeka kati ya mtoto na bibi. Siku ya kupiga, mahali hapo palikuwa patupu, mtu wa njano angewekwa baadaye na mhariri. Nilimweleza bibi, "Shikamoo bibi, hapa kati yenu atakaa umeme, lakini wewe humwoni." Akaitikia marahaba, akakaa, akaanza kuchambua mchele wake. Kamera ilipowaka, bila kuinua macho, alivuta pindo la kanga yake kutoka pale patupu, kama anavyompisha mgeni yeyote. Humwoni lakini humkalii. Watu wazima wengi wameishi na marafiki wasioonekana wa watoto wao namna hiyohiyo, wakiwapisha, na sijaona somo la malezi linalolisema vizuri zaidi.

Baada ya pindo lile kanuni ya uhariri ilijiandika. Mhariri alikuwa ameandaa mwanga mweupe wa kuingilia kwenye ndoto na kutokea. Tukauondoa. Tunakata moja kwa moja: chumba, barabara, mtu wa njano kwenye nguzo, mbuzi, chumba. Hakuna mlango kati ya huku na kule, maana mtoto hana huku na kule. Ana sehemu moja yenye vitu vingi.

Sauti ndiyo niliyoipenda kuliko kazi zote, na ndiyo iliyotumia fedha kidogo. Sikiliza nyumba umeme unapokatika. Friji linakohoa mara moja na kunyamaza. Feni inazidi kulegea, kila panga linasikika. Redio ya jirani inakufa katikati ya tangazo. Kisha vinakuja vile ambavyo vilikuwepo siku zote: mbu, bomba linalovuja, mtu anayekohoa nyumba ya tatu, jenereta mbali upande wa mjini. Fundi wetu wa sauti alitaka kuweka kinanda hapo, cha huzuni. Tukamwomba asikilize kwanza usiku mmoja, halafu aseme. Aliporudi alikuwa amerekodi ndala zake mwenyewe kwenye sakafu ya bafu, zikiwa zimelowa, pata, pata, pata. Hakuna muziki kwenye filamu yetu hata mahali pamoja. Kuna ndala. Zinaanza mbali sana, mtazamaji hajui anasikia nini, zinapita barabara, zinakaribia, na zinaposimama mlangoni taa zinawaka na mtaa mzima unapiga kelele. Kelele hizo hatukuziigiza. Umeme uliporudi usiku mmoja, fundi alikuwa kibarazani na kinasa sauti chake mkononi.

Mhariri alikuwa anaiwazia Ngome Kongwe, Unguja, kwenye tamasha la filamu la ZIFF, na bado analiwazia. Onyesho la kwanza lakini lilifanyika uani kwa bibi, shuka jeupe limefungwa kwenye kamba ya nguo, projekta ya harusi juu ya kiti. Wengi huniuliza kama umeme ulikatika usiku ule. Haukukatika.

Watoto hawakuuliza maana ya kitu chochote. Waliuliza mambo ya utekelezaji: kwa nini hakupitia kwa fundi cherehani ambaye ana kazi za watu, mbuzi ni wa nani, na mle kwenye mfuko wa rambo mna nini. Watu wazima waliuliza funzo. Mzee mmoja alisema filamu nzuri, ila hajaliona funzo lake, na nikamjibu kwa heshima kwamba nami silioni, tuendelee kutafuta wote. Kicheko kikaisha mama mmoja akainuka na jambo zito. Mwanangu ana miaka mitano, alisema. Mnamwonyesha kwamba umeme ni rafiki aliyevaa ndala. Kesho akienda kumpa mkono?

Hilo halina jibu la kisanii. Tulikuwa tumelifikiria, na kwa bahati kanuni za mwenyewe zilitusaidia: tangu mwanzo alishasema umeme haushikwi, una joto, unasalimiwa kwa mbali. Katika filamu hakuna mkono unaogusa waya wala soketi, na anapofika anakaa upande wa pili wa mkeka. Lakini mtoto aliyelala usingizi nusu ya filamu atajuaje? Kwa hiyo tulikubaliana na mama yule kwamba haionyeshwi kwa wadogo bila mtu mzima kukaa nao baadaye wakazungumza, na nimeifuata kila nilipoipeleka. Wapo wenzangu wanaoona ni kuipunguza nguvu. Mimi ni mwalimu kwanza.

Mhusika mkuu mwenyewe alikaa mbele kabisa, mikono mapajani, hakucheka wala kupiga makofi. Kati ya kupiga picha na kumaliza kuhariri alikuwa ametimiza miaka saba na kuanza darasa la kwanza, na kaka yake alikuwa amemweleza kwamba umeme hutoka Hale, kwenye maporomoko ya Mto Pangani, huzalishwa na maji. Nilidhani basi, nadharia imekufa, na nilijiandaa kusikia kwamba filamu yetu ni ya uongo. Nikamuuliza ameionaje.

Alisema iko sawa, lakini tumesahau maji. Umeme unatoka Hale, kaka amesema, kwenye maji mengi. Kwa hiyo anapoondoka huwa amekwenda kuoga. Alifikiri kidogo, akaongeza kwamba ndiyo maana ana ndala: ni za bafuni, siyo za shoti kama alivyodhani alipokuwa mdogo. Na kwenye mfuko ule wa rambo mna taulo na sabuni.

Mpiga picha, aliyekuwa akikunja nyaya nyuma yetu, aliuliza kama bado tuna lile jelatini la bluu.